Biharusi Aliyetulia

Ukitaka kumtia hasira Bi Saadiya wa Michenzani, hata leo, mwambie kwamba kupiga video za harusi ni kazi ya kubonyeza kidude. Atakutazama kuanzia mtandio hadi makubadhi, kisha atakwambia haya, nenda kabonyeze wewe tuone. Na ana haki yake. Harusi za kike Unguja hapigi kila mtu. Mlango wa ukumbi ukishafungwa na wanaume wote wakawa nje, mabuibui yanavuliwa, nywele zinaachiwa, na mwanamke ambaye njiani humjui ila kwa macho utamkuta anacheza mpaka jasho linamtiririka. Mwenye kamera ndiye anayeondoka na yote hayo mkobani. Kwa hiyo hatafutwi fundi tu, anatafutwa mtu wa kuaminika, na Bi Saadiya aliaminika kuliko benki.

Alikuwa na utaratibu wake. Akishaiunganisha video, aliipeleka kwa mama wa biharusi ndani ya flashi moja, ile ambayo mama huifunga kwenye pindo la kanga na kuifungia kabatini. Wanaitazama pamoja. Mama akiridhika, Bi Saadiya anatoa kadi za kamera na kompyuta yake, anafuta kila kitu pale pale, mbele ya mwenye shughuli na shahidi mmoja kutoka upande wa bwana harusi. Habakishi hata picha moja. Wapigaji wenzake walimcheka, wakamwambia flashi ikipotea watu watalia. Akawajibu kwamba heri walie kwa kupotea kuliko walie kwa kuonekana.

Jambo jengine aliloshikilia ni kutomkata mtu. Hili nalo wageni hawalielewi. Mwanamke amekuja harusini, amesuka, amevaa, amecheza, amemtunza biharusi pesa mbele za watu, halafu video inatoka hayumo. Huyo ameambiwa kwamba hakualikwa kwa moyo. Wifi yake Bi Saadiya, Mwanapili, aliwahi kununa mwaka mzima kwa sababu ya harusi moja ya Mpendae ambayo alionekana mkono tu. Basi video za Bi Saadiya zilikuwa ndefu, tena ndefu za kuchosha, lakini kila aliyekuja alijiona.

Mtoto alikuwa naye mmoja, Khairat. Baba yake, Mcha, alifariki mtoto hajaanza hata chuo cha Kurani, na msichana akakulia chini ya meza ya mama yake, katikati ya nyaya. Kanda zilipopitwa na wakati, Khairat ndiye aliyemfundisha mama yake kompyuta, na alikuwa mwalimu mkali asiye na subira. Walikaa benchi moja dirishani, kwenye fleti yao ya Michenzani, wakigombana mchana kutwa kama mawifi, na majirani wa juu na chini walishazoea kuwasikia. Mama akisema hivi, mtoto anasema vile. Khairat alikuwa na mdomo, na hakuweza kukaa kitako akamaliza kikombe cha chai bila ya kuinuka mara tatu. Mama yake alikuwa akimwambia kwamba siku ya kuoneshwa, atakapokalishwa jukwaani mbele ya wanawake, atatia aibu, maana biharusi hatakiwi kutikisika.

Siku hiyo ikafika. Khairat akaolewa na Yussuf, fundi umeme wa Chukwani, kijana mpole wa maneno machache, na watu wakasema Mungu amepatanisha vizuri, mmoja atasema na mmoja atasikiliza. Ukumbini, Bi Saadiya akavaa gauni lake la kumetameta kisha akajitwika kamera. Mwanapili alimjia juu. Mama wa biharusi anakaa mbele, anapokea watu, anapongezwa, leo ndiyo siku yake, itakuwaje azunguke na mitambo kama mtumishi? Bi Saadiya akamwuliza kama anamjua mwengine wa kumwachia mwanawe. Mwanapili akamshikia mkoba wa kamera, maana hakumjua.

Basi harusi nzima ya mwanawe aliitazama kwenye kioo kidogo cha kamera.

Na Khairat alitulia, we! Watu walistaajabu. Kapandishwa jukwaani, kakalishwa kitini, kainamisha macho, mikono yenye hina juu ya mapaja, somo wake, mwanamke aliyemfunda, kasimama nyuma yake kumlinda asicheke. Hakugeuka, hakujikuna, hakutabasamu. Mbele yake wanawake walicheza, magauni yanawaka, mikono juu, na Bi Saadiya akaifungua kamera ienee ukumbi mzima ili asiachwe mtu, biharusi akabaki mdogo pale katikati. Ndipo mara moja, moja tu, Khairat alipoinua macho. Akamtazama mama yake pale nyuma ya kamera, na midomo ikasema kitu. Taarabu ilikuwa juu, hakikusikika. Somo akamgusa bega, macho yakashuka. Bi Saadiya hakuisogeza kamera, akajiambia kwamba si neno, limo humu ndani, nitalitazama nyumbani kwa nafasi yangu.

Baada ya fungate Khairat akaja kumwamkia mama yake, na hakukaa dakika tano akawa tayari yuko benchini, anapekua kazi ambayo haikumhusu tena. Video ya harusi yake ilikuwa imeshaunganishwa lakini haijabanwa, na ile midomo mama yake alikuwa bado hajapata nafasi ya kuitazama.

Hebu tuelezane hapa, maana hapa ndipo palipoharibika. Video inayotoka kwenye kamera ni kubwa, haikai kwenye flashi mpaka ibanwe. Na kubana si kama kukunja nguo, ambayo ukiikunjua unaikuta ile ile. Kubana ni kutupa. Kila ukibana, kompyuta inachagua kitu inachoona hakina maana, inakitupa. Wenye kazi hiyo wana namna mbili za kubana, na wanaziita kwa namba zake tu, 264 na 265. Ile 264 ni ya zamani, inakula nafasi, lakini hakuna televisheni wala simu inayoikataa. Ile 265 ni mpya, inaibana video ikawa karibu nusu ya nyengine, na watu wengi wanaapa kwamba macho hayaoni tofauti, ila vyombo vya zamani havitaki hata kuisikia. Wapigaji wa mjini walikuwa wamegawika pande mbili na kila upande unauona mwengine mjinga. Bi Saadiya na mwanawe nao wakagawika.

Khairat alisimamia ya zamani. Akasema weka 264, punguza watu. Saa nzima ya watu kutunza, nani ataitazama?

"Nimkate nani?" mama yake akamwuliza. "Nitajie jina."

Khairat akataja mmoja, mama yake akasema huyo ndiye aliyepika biriani. Akataja mwengine, huyo ni jirani wa marehemu baba yako. Akamtaja Mwanapili, wakacheka wote wawili mpaka wakashikana mabega. Flashi walizokuwa nazo zote zilikuwa ndogo, Khairat akasema basi weka mbili. Bi Saadiya hakutaka. Flashi mbili, moja itaazimwa, na iliyoazimwa ndiyo inayoishia kwa wanaume. Mwisho akachagua 265, na kwa kuwa hata hivyo watu wote hawakuenea, akazidi kuibana, na akazidi, mpaka harusi nzima ikaingia.

"Haya, harusi yako hiyo," Khairat akasema, anajitanda buibui. "Mie nilikaa tu."

Yussuf alikuwa keshafika chini anamsubiri. Bi Saadiya akakumbuka kwamba alitaka kumwuliza mwanawe alisema nini pale jukwaani, lakini mtu alikuwa ngazini tayari, na mama gani anamwita biharusi arudi juu kwa neno kama hilo? Atamwuliza siku nyengine, na kila siku nyengine ikaja na lake.

Video akaitazama pamoja na mama yake Yussuf, Bi Nassra, aliyekuja kuwa shahidi. Waliitazama kwenye simu, maana ndiyo iliyokuwa karibu, na kwenye kioo cha simu kila kitu kilikuwa kizuri. Kila mtu yumo. Bi Nassra akajiona mara tisa, akafurahi. Bi Saadiya akazitoa kadi. Bi Nassra akamwuliza, hata ya mwanao unafuta? Akamjibu kwamba ya mwanawe ndiyo ya kwanza kufutwa, asije mtu akasema anabagua. Akafuta. Alijisikia fahari, na hapana haja ya kulificha hilo.

Sitaki kuizungusha habari inayofuata, kwa sababu hainogi kusimuliwa. Khairat alijifungua mtoto wa kike, damu ikakataa kusimama, akafariki siku ile ile. Mtoto akaitwa Faiza. Msibani Bi Saadiya hakulia. Alikuwa akipita kuuliza watu kama wamekula, kama maji yapo, kama mikeka inatosha, na wanawake wakanong'onezana kwamba huyu atakuja kuanguka. Hakuanguka. Angelianguka pengine angelipumzika.

Mtasema, msichana wa siku hizi, picha zitakosekana? Hazikukosekana, simu ya marehemu ilijaa. Lakini zote zile kazipiga kwa vile vidude vya simu vinavyosafisha uso, ukawa mweupe na laini, macho makubwa, pua nyembamba. Kwenye nyengine ana masikio ya paka. Bi Saadiya alizipitia moja moja na hakumkuta mwanawe. Alimkuta msichana wa mtu mwengine anayemfanania kidogo. Siku ya pekee ambayo Khairat alipigwa kama alivyo, na kamera ya kweli, ilikuwa ile ya kuoneshwa, na ndani yake kulikuwa na macho yale yaliyoinuka na neno lile lisilosikika. Hilo ndilo lililomshika mama. Alijiambia kwamba akiitazama midomo polepole, akairudia na kuirudia, ataisoma. Mtoto wake mwenyewe, atashindwaje kuisoma midomo yake?

Arobaini ikapita, hitima ikasomwa, watu wakatawanyika. Bi Saadiya akafunga mlango, akatia flashi kwenye televisheni. Televisheni ikamwandikia kwamba faili hii haifunguki. Akaihamishia kwenye kompyuta, ikafunguka, akamshukuru Mungu kwa sauti, peke yake chumbani.

Wanawake wakaanza kucheza. Kila mmoja alionekana vizuri, jasho la shingoni, bangili, shanga za gauni. Akasogeza mbele mpaka pale Mwanapili anapopita na gauni la kijani, maana baada ya hapo ndipo palipokuwa penyewe. Mwanapili akapita. Khairat kitini. Bi Saadiya akasubiri macho yainuke.

Hayakuinuka. Uso ulikuwepo, rangi ilikuwepo, lakini ulikuwa umepakwa, kama mtu kaupitishia kidole ungali mbichi. Macho yalikuwa vivuli viwili. Mahali pa midomo palichezacheza kidogo kisha pakatulia. Akaukuza, ukazidi kupotea. Akarudisha nyuma, akatazama tena. Adhuhuri ikapita, alasiri ikapita, na yeye anarudisha. Alipoinuka hapo alilia, na kilio kile ndicho walichokuwa wakikingoja wanawake wa msibani, ila hakuwepo wa kumshika.

Kesho yake alikwenda Darajani kwa Talib, kijana anayetengeneza kompyuta, ambaye mara kwa mara humtengenezea ya kwake. Video hakuweza kumwonesha, kulikuwa na wake za watu. Alikata picha moja tu, uso wa mwanawe peke yake, akamwonesha hiyo. Talib akatazama, akamwuliza alibana kwa namba gani na kwa kiasi gani, na alipoambiwa akakuna kichwa. Akamweleza kwa adabu. Kompyuta unapoipa nafasi ndogo, inaigawa. Wanaokwenda huku na huku, nguo zinazometameta, wale ndio wanaokula nafasi yote. Aliyetulia inamchukulia hana jipya. Inachukua uso wake wa nyuma kidogo, inaubandika tena, na tena, inaulainisha ili isipoteze nafasi juu yake. Akiinua macho kidogo tu, kwa muda mfupi, inaona hilo si kitu.

"Yeye ndiye mwenye harusi," Bi Saadiya akasema.

"Mashine haijui hilo, Bi Saadiya."

Akamwuliza kuhusu zile kadi za kamera. Kadi zilikuwepo, lakini tangu pale zimeshapigiwa harusi nyengine na nyengine juu yake, na kompyuta hali kadhalika. Talib alijaribu hata hivyo, akakaa nazo siku kadhaa, na alichokiokota kilikuwa vipande vya harusi ya mtu wa Makunduchi, ambavyo alivifunga pale pale bila ya kuvitazama. Akazirudisha. Akasema kilichofichwa kinatafutwa, lakini hiki hakikufichwa, kimetupwa.

Njia nzima ya kurudi Michenzani lilimkaa moja. Alimlea mtoto asiyetulia, akamgombeza miaka yote atulie, na siku moja aliyotulia kwa ajili ya kumpendeza mama yake, ndiyo siku aliyofutika. Na nafasi yake walipewa wageni, kwa sababu mama alichelea kununiwa.

Faiza alikuwa ameanza kusimama dede pale Yussuf alipokuja naye Ijumaa moja baada ya sala. Akamwamkia mkwewe, akakaa kwenye ukingo wa kiti, akazungumza habari za mtoto, meno, homa, mpaka maneno yakamwishia. Kisha akasema alilolijia. Yeye siku ile hakuiona harusi ya mkewe, mwanamume ataionea wapi? Alimkuta chumbani, kachoka, keshavuliwa mapambo, analalamika viatu. Aliwahi kumwomba amwoneshe hiyo video, Khairat akamwambia ataiona wakishazeeka, hao wageni wakiwa hawatamaniki.

"Nnataka nimwone alivyokaa, mama. Hata kidogo. Na huyu mtoto akikua awe na pa kumwona."

Bi Saadiya akamwambia nipe wiki.

Mwanapili alipoambiwa alisema mpe yote, kijana kafiwa, atatutazama sisi ya nini? Na kwa kweli ile video nzima ndiyo iliyomtunza Khairat vizuri zaidi. Akiwa mdogo vile, katikati ya ukumbi, jicho linadanganyika, linamkamilisha lenyewe. Lakini waliocheza hawakuwa Mwanapili peke yake. Walivua mabuibui kwa sababu Bi Saadiya ndiye aliyeshika kamera. Alizunguka na flashi ile mkononi siku nzima, mara aifunge kwenye karatasi, mara aifungue. Mwisho akakaa benchini, akaanza kuwatoa. Yule ambaye maisha yake yote hakumkata mtu, aliwakata wote. Alikata mikono, mabega, vichwa, Mwanapili na gauni lake la kijani, akaukuza uso wa mwanawe peke yake mpaka ukaenea kioo.

Televisheni ya Yussuf ilikuwa ya zamani, kwa hiyo safari hii alibana kwa 264, na aliipa nafasi yote iliyotaka, flashi nzima kwa uso mmoja. Ilikuwa nafasi ya bure tu, maana kilichotupwa hakirudi. Lakini aliitoa.

Chukwani walimwekea kiti. Bi Nassra alikwenda jikoni kwa makusudi, akawaacha. Yussuf akampakata Faiza mbele ya televisheni, na mkewe akatokea, mkubwa, kainama, uso kama ulio nyuma ya kioo chenye mvuke. Faiza alitazama kidogo, kisha akashughulika na kifungo cha shati la baba yake. Yussuf hakujitikisa. Aliitazama mpaka mwisho, akairudisha mwanzo, akaitazama tena, na Bi Saadiya hakuthubutu kumwangalia usoni.

"Alitulia hasa," Yussuf akasema. "Hakuinua macho hata mara moja?"

Bi Saadiya angeweza kusema hakuinua. Kijana angelala nalo, angelihesabu ni haya ya biharusi, lingekwisha. Aliufungua mdomo aseme hivyo, neno lisitoke.

"Aliinua. Mara moja. Akasema na neno."

"Mbona silioni?"

"Halimo tena. Nimelitupa mimi, mwanangu, nilipobana. Nilitaka watu wote waenee."

Yussuf aliweka mkono kichwani kwa mtoto. Hakukasirika, na afadhali angelikasirika. Akauliza kwa sauti ya chini, kama anayeogopa kwamba atajibiwa:

"Na wewe ulikuwa pale. Alisema nini?"

Machozi yalikuwa yanamshuka Bi Saadiya mbele ya mkwewe, bila ya kujifunika, jambo ambalo hakuwahi kulifanya.

"Sijui," akasema. "Nilikuwa kazini."